Naombeni ushauri: kurekodi uchongaji wa mtumbwi wa gogo moja kabla mafundi hawajaisha

Kasia_Mbili:

Wakuu, salaam. Tunajiandaa kupiga filamu ya uchongaji wa mtumbwi wa mtoni, ule wa gogo moja, tangu mti umesimama hadi chombo kinashuliwa, yaani kinateremshwa majini. Mafundi wanaoijua kazi hii yote wamebaki wawili, wote watu wazima sana, na hakuna kijana anayejifunza kwa kuwa boti za mbao na za fiberi zimeshachukua soko. Mmoja amekubali. Gogo litakuwa na urefu wa mita 6 hivi na kipenyo cha sentimita 80. Kazi ameikadiria siku 18 hadi 25, na mwishoni kuta zitapanuliwa kwa moto na maji.

Tuko watatu. Tuna kamera mbili za 4K, mikrofoni moja ya kuchomeka juu ya kamera na droni ndogo. Lengo ni filamu ya dakika 12 yenye muziki. Kukaa siku zote 25 hatuwezi. Siku zipi si za kukosa? Fundi aeleze huku anachonga au tumhoji pembeni? Na ni kitu gani wapigaji wengi hukisahau, halafu hakipatikani tena?

Tezo_Kavu:

Hapo umefunga mizigo miwili kwa kamba moja. Filamu ya dakika 12 ni kitu kimoja, kumbukumbu ya ufundi ni kingine. Ukipiga kwa ajili ya ile ya kwanza tu, ya pili huipati. Ukirekodi kazi yenyewe sawasawa, filamu fupi utaikata humo humo. Kipimo ni hiki: fundi akiwa hayupo tena, kijana mwenye gogo na tezo, kile kishoka cha kuchongea chenye makali yaliyokingama, ataweza kuchonga kwa kutazama picha zako peke yake? Kanda nyingi za namna hii zimejaa machweo, jasho na makunyanzi ya mikono, lakini huoni tezo inaingia kwa pembe gani.

Siku ya kwanza isiyokoseka ni ya kuchagua mti, na ndiyo inayokoswa zaidi kwa sababu wapigaji hufika gogo likiwa limeshalala. Fundi huuzunguka mti, huugonga kwa kisogo cha shoka akisikiliza kama ndani kuna uwazi au uozo, kisha husoma gome kujua kama nyuzi zinapanda wima au zinazunguka shina. Mti wenye nyuzi za kuzunguka ukishachongwa hujinyonga unapokauka. Ulioinama nao una mvutano ndani yake, ukifunguliwa hupinda. Pigeni na miti anayoikataa, muulize sababu ya kila mmoja. Mti uliokataliwa hufundisha kuliko uliochaguliwa.

Ya pili ni kuangusha, kulaza na kupiga mstari wa kwanza. Hapo anaamua upande upi utakuwa sakafu na upi utakuwa mdomo, na moyo wa mti utaangukia wapi. Nyufa za gogo huanzia kwenye moyo na kukimbilia nje, kwa hiyo hupanga mchongo ili moyo utoke pamoja na vibanzi. Kwenye omo (mbele ya chombo) na tezi (nyuma yake) mbao hubaki nene, moyo mara nyingi haumaliziki kutoka, na ndiyo maana mitumbwi mingi hupasukia vichwani. Kabla hajakata chochote, piga vichwa vyote viwili vya gogo uso kwa uso, lenzi ikiwa sambamba na mkato na rula iwe ndani ya fremu. Ni dakika mbili tu, na kesho yake hazirudi.

Ya tatu ni siku anayofika kwenye unene wa mwisho wa kuta na sakafu. Hapa muwe na kamera zote mbili. Ya nne ni kupanua, ya tano ni kushua. Siku za katikati, za kuchimba tumbo, ni za kurudiarudia. Hizo rekodini dakika 20 bila kukata, mara moja kwa siku, stendi ikiwa palepale. Pigilieni vigingi vitatu ardhini mwekee miguu ya stendi, asubuhi ya pili hamtahangaika kutafuta ilipokuwa.

Msisubiri gogo lifike mtoni. Hesabu ndogo: mita 6 kwa kipenyo cha sentimita 80 ni kama mita 3 za ujazo. Likiwa bichi linaweza kupita tani 2. Hakuna mtu anayelivuta hivyo. Sehemu kubwa ya mbao hutolewa palepale lilipoangukia, na kinachofika mtoni ni ganda. Kambi yenu iwe porini.

SautiYaMkondo:

Niseme la sauti kwa kuwa wengi huliweka mwisho. Mikrofoni ya juu ya kamera pekee haitoshi kwa kazi hii. Nunueni au azimeni kinasa sauti cha pembeni, rekodini 48 kHz, biti 24.

Kwa nini nasisitiza? Kwa sababu fundi anachonga kwa masikio. Ukuta ukiwa mnene tezo hutoa mdundo mzito, mfupi. Ukuta unavyopungua mdundo unapanda na kuanza kulia kama ngoma iliyokazwa. Wengi hugonga kwa kifundo cha kidole nje huku kiganja kingine kiko ndani, wakisogea shubiri moja moja kutoka omo kwenda tezi. Ukirekodi hilo kwa mikrofoni iliyo mita 4 mbali, na upepo unavuma, umerekodi mtu anayegusagusa mbao. Ikae sentimita 30 kutoka kwenye ukuta, na asubuhi kabla upepo haujaamka. Mwombe agonge palipo tayari, kisha pasipo tayari, kisha palipo tayari tena, na ataje kwa mdomo kila anapogonga.

Kishindo cha shoka hupasua sauti. Maongezi yakae karibu na desibeli hasi 12 kwenye kipimo cha kinasa, na wakati wa shoka shusheni. Kinasa chenye njia mbili kiwekeni njia ya pili chini kwa desibeli 10 hadi 12, ya kwanza ikipasuka mna ya akiba. Mikrofoni ya kifuani kwa mtu anayezungusha tezo husuguana na nguo kila pigo; ibandikeni chini ya ukingo wa kofia.

Kila mahali mnapofanya kazi chukueni dakika 2 za mahali penyewe, watu wakiwa kimya. Msipofanya hivyo mhariri atazibia mapengo kwa muziki. Na huo muziki, kwa maoni yangu, uondoeni kabisa. Unafunika kitu ambacho fundi alikuwa anakisikiliza.

Mama_Pondo:

Kuhusu kueleza huku anachonga: asieleze. Mtu akieleza, mikono hupungua mwendo, na huruka yale ambayo mwili wake unafanya bila kufikiri. Hayo ndiyo mnayoyatafuta.

Mchana rekodini kazi kimya. Jioni mwekeeni picha za siku hiyo kwenye kompyuta, aone mwenyewe, nanyi mrekodi sauti yake anapotazama. Atasimamisha hapa na pale, "hapo nilikuwa nimekosea", "hapo mbao ilikataa". Maswali yawe ya jambo linaloonekana: "Hapa ulisimama, ulikuwa unaangalia nini?" Ukimuuliza mzee kwa nini anafanya hivi, atakujibu ndivyo tulivyofundishwa, na swali limekufia.

Majina ya sehemu na zana yachukueni kwa lugha yake, siyo kwa Kiswahili cha kitabuni. Aguse kwa kidole, ataje mara mbili, kamera iwe karibu. Vipimo vyake hivyo hivyo. Akisema shubiri 9 (upana wa kiganja kilichotanuliwa) au wanda 2 (upana wa kidole), msigeuze kimyakimya kuwa sentimita. Rekodini shubiri yake kwenye rula, siku ya kwanza, basi. Mwili wa fundi ndio kipimo cha chombo. Ukiwa na shubiri yake, dhiraa yake (kiwiko hadi ncha ya kidole) na wanda wake, vipimo vingine vyote vinasomeka.

Kasia_Mbili:

Asanteni sana, mmetufungua macho. Nina mawili. Tezo_Kavu, umesema siku ya unene wa mwisho kamera zote mbili ziwepo: ziwe wapi? Na je, si udanganyifu kwamba mtumbwi huu unachongwa kwa sababu sisi tumeuagiza? Mwenzetu mmoja anasema tutakuwa tunarekodi maigizo.

Tezo_Kavu:

Unene kwanza. Muulizeni mapema anatumia njia gani, maana ziko zaidi ya moja. Kuna wa kupapasa na kugonga, kama alivyoeleza SautiYaMkondo. Kuna wa vijiti: huchimba matundu madogo kwa keekee (kitoboleo cha kuzungusha) kutoka nje, huingiza vijiti vya mti wa rangi tofauti vilivyokatwa kwa urefu wa unene anaoutaka, kisha huchimba tumbo kutoka ndani. Tezo ikifunua ncha ya kijiti, hapo basi, hasogei tena. Kama ni vijiti, rekodini vinavyokatwa na kupimwa, umbali kati ya kimoja na kingine, na kama vya sakafuni ni virefu kuliko vya ubavuni. Kwa kawaida sakafu huachwa nene kuliko ubavu: ndiyo inayoburuzwa kwenye mchanga na mawe.

Kamera moja ikae ndani ya mtumbwi kwa kimo cha kiwiko chake, ikitazama makali ya tezo kutoka ubavuni, siyo kutoka mbele, ili pembe ionekane. Ya pili nje, ukuta ule ule, iuone mkono wa kupapasa. Zianze pamoja, mpige kofi moja mbele ya zote mbili ili mhariri azilinganishe. Mwendo wa tezo ni wa haraka: kwa fremu 25 kwa sekunde na shata (muda wa kamera kupokea mwanga) ya 1/50 ya sekunde makali yanakuwa ukungu. Pigeni vipande vichache kwa fremu 100 na shata ya 1/200 au zaidi, muone kifundo cha mkono kinavyogeuka dakika ya mwisho. Vipande vichache tu. Mwendo wa polepole ukizidi, mtazamaji hajui tena kazi ina kasi gani.

Kosa la hatua hii ni kuchimba kupita kiasi pale sakafu inapokutana na ubavu, kwa sababu tezo hupenda kufuata nyuzi na kuchimbua. Akikosea, rekodini kosa na namna anavyoliziba. Msimwonee haya wala msizime kamera. Mwenye kujifunza atakosea palepale.

Mtunza_Kanda:

La maigizo. Kuagiza si kuigiza, mradi mseme wazi kwenye maelezo ya kanda kwamba chombo kiliagizwa, na kililipiwa bei ya mtumbwi pamoja na siku zake za kazi. Maigizo ni kumwomba arudie pigo kwa sababu mwanga ulikuwa mbaya, au avue shati na saa ili aonekane wa kale. Msumeno wa mnyororo akiutumia kuangusha mti, uonekane. Akitumia keekee ya betri, ionekane. Ufundi unaokufa nao una zana zake za mwisho.

Kuna kazi za mtoni ambazo leo zipo kwa kufanywa makusudi tu, siyo kwa soko. Usafirishaji wa magogo kwa kuyafunga pamoja kuwa machelezo makubwa ya kuelea, ambao UNESCO iliuorodhesha mwaka 2022 kwa jina la Austria, Cheki, Ujerumani, Latvia, Poland na Hispania, haulishi tena soko la mbao kama zamani. Vyama vya wenyeji ndivyo huyafunga na kuyashusha mtoni ili ujuzi usikatike. Na mtumbwi wa kupanuliwa wa eneo la Soomaa, Estonia, uliingia mwaka 2021 kwenye orodha ya urithi unaohitaji kuokolewa haraka. Unachongwa kwa mti mmoja, kuta zikafanywa nyembamba, zikafunguliwa kwa moto na maji. Huyo ni ndugu wa mtumbwi wenu.

Tahadhari nyingine ni ya kale. Göttingen, Ujerumani, mwaka 1952 kulianzishwa mkusanyo wa Encyclopaedia Cinematographica: filamu fupi za kisayansi, kila moja ikishika tendo moja bila mapambo. Nidhamu yake ni nzuri mno. Lakini nyingi hazina sauti, na leo unamwona fundi anafungua mdomo na hujui alisema nini.

Mama_Pondo:

Siku ya moto nayo isiachwe hivi hivi, maana ndiyo inayopasua mitumbwi.

Mbao ikipata joto na unyevu kwa pamoja hulegea. Mtumbwi hutiwa maji, moto huwa wa taratibu kandokando au chini, kwingine mawe ya moto hutumbukizwa ndani, na kuta zinapofunguka huwekwa vijiti vya kukingama, kila kijiti kirefu kuliko kilichotoka. Kuta zikitanuka katikati, vichwa huinuka. Kwa hiyo umbo la omo mnaloliona kwenye mtumbwi uliomalizika halikuchongwa lote. Jingine lilizaliwa siku hiyo. Anayenakili vipimo vya mtumbwi uliokwisha panuliwa na kuvichonga kwenye gogo atakosa chombo.

Kamera moja ikae kichwani, inatazama kutoka omo kwenda tezi, haiguswi hadi mwisho. Pakeni alama nyeupe kila sentimita 50 kwenye mdomo wa mtumbwi, na simamisheni fito yenye alama kama hizo kando ya sehemu pana zaidi. Hapo upana unapimika kwenye picha hata miaka mingi baadaye. Picha moja kila sekunde 10 inatosha: saa 6 ni picha 2,160, ambazo kwa fremu 25 ni kama dakika moja na nusu. Rangi na mwanga viwekwe kwa mkono, rangi iwe Kelvin 5600 (kama mwanga wa mchana) au karibu, la sivyo kamera itahangaika kila moto unapowaka na kufifia.

Kamera ya pili iwe mkononi, mita kadhaa nyuma kwa lenzi ndefu, kwa sababu joto huyumbisha picha na cheche hutoboa kioo. Imfuate fundi anapopima joto kwa kiganja na anapoamua kuongeza kijiti. Upande mmoja ukipata joto zaidi hufunguka zaidi, chombo kinakuwa na bega, yaani kinaelemea upande. Ataurekebisha kwa kumwagia maji au kusogeza moto, na hilo ni sekunde chache. Vichwa vikianza kukauka hupakwa tope au hufunikwa vitambaa vibichi. Mkisikia mlio mkavu kama kijiti kinavunjika, msikimbilie kamera zote kwenye ufa. Moja ibaki usoni kwake.

SautiYaMkondo:

Droni siku ya moto hapana. Inapepea majivu na kelele zake zinaharibu kila kinasa. Irusheni siku ya kushua, dakika 5, kuonyesha njia kutoka porini hadi maji, na kibali kipatikane kabla hamjaondoka nyumbani. Na msipande watatu na kamera kwenye mtumbwi mpya. Bado hakuna anayejua unavyoyumba. Aliyeuchonga ndiye apande kwanza, nyinyi mwe kwenye chombo kingine, mkiwa mmekaa sakafuni, jaketi za kuokolea mwilini, upande wa chini wa mkondo ili msimsukume. Kichungi cha kuondoa mng'ao wa maji kisaidie kuona sakafu inavyokaa majini, ila kizungusheni upya kila mnapogeuza kamera.

Mtunza_Kanda:

Mafaili. Kwa megabiti 100 kwa sekunde, saa moja ni GB 45. Kamera mbili, saa 3 kila moja kwa siku, ni GB 270. Siku 10 mnakaribia TB 2.7, na hiyo ni nakala moja. Mnahitaji tatu: mbili kwenye diski tofauti zinazosafiri na watu tofauti, ya tatu iende mbali na huko. Kadi isifutwe mpaka nakala mbili zimehakikiwa kwa programu inayolinganisha MD5 au SHA-256 (alama ya kidijitali ya faili, inayobadilika faili likiharibika), siyo kwa kutazama ukubwa wa folda. Jina la faili lianze na mwaka, mwezi, siku, kisha kamera, kisha namba. Daftari la karatasi lifuatane nalo: saa, hatua, nani yuko kwenye picha.

Maongezi yaandikeni kwa ELAN, programu ya bure kutoka Taasisi ya Max Planck, Nijmegen, Uholanzi. Inafunga kila sentensi kwenye sekunde yake. Anzeni na vikao vya jioni vya Mama_Pondo.

Ridhaa ya fundi isiwe ya siku ya kwanza tu. Irudieni mwishoni, akiwa ameshaona alichorekodiwa, na aulizwe kipande kwa kipande: hiki kionwe na wote, hiki na ukoo tu, hiki kifutwe. Dua au maneno ya kuuagia mti ndiyo mara nyingi huombwa yasitoke. Hilo lina uzito zaidi kama mtaomba fedha, kwa sababu programu kama ile ya British Museum ya maarifa ya vitu yaliyo hatarini, iliyoanza mwaka 2018, huweka kazi zake wazi mtandaoni. Na jamii ikitaka siku moja kupeleka jambo hili UNESCO, watadaiwa picha 10 na video ya dakika 5 hadi 10 pamoja na ushahidi wa ridhaa. Dakika zenu 12 zikateni mkijua hilo.

Kasia_Mbili:

Nimeelewa. Muziki tumeutoa, kinasa tunaazima, na tumebadilisha ratiba: siku 4 za mti, siku 3 za unene, moto, kushua, na mmoja wetu anabaki kwa zile dakika 20 za kila siku. Swali la mwisho: baada ya kushua tumemaliza?

Tezo_Kavu:

Bado. Mtumbwi wa mbao mbichi huendelea kukauka miezi mingi baada ya kushuliwa. Rudini baada ya miezi sita na kamera moja. Mtakuta ufa kwenye omo au tezi, na mtamkuta anautia kalafati (nyuzi za kuzibia maji) au anapigilia kiraka. Muulizeni anajaza kwa nini, anasukuma kwa chombo gani, na anajuaje ufa umefika mwisho wake. Pigeni pia anavyouhifadhi usipotumika: umezamishwa, umefunikwa kivulini au umepinduliwa juani. Halafu ule ukuta mliorekodi mlio wake siku ya unene, mwambieni augonge tena.